Muulize Anko: Eti magamba ya kakakuona ni dili?

SWALI: Shikamoo anko. Huku kwetu kakakuona akionekana wazee wanamwekea maji, mahindi na panga, wanaangalia atasogelea nini, ndo wanajua mwaka huo ni mvua, njaa ama vita. Sasa vijana wanasema tuachane na utabiri, magamba yake ni dawa Asia huko na yana hela. Ni kweli? Na hao Waasia hawana wa kumtetea?
Msomaji, Songea

JIBU: Marahaba mwanangu. Hela ipo, dawa hakuna. Gamba lile ni keratini, kitu kile kile cha kucha zako, ukiitaka sana hiyo dawa si uchukue tu wembe ukate kucha usage unywe. Biashara yenyewe ni ya kontena. Aprili 2019 Singapore walikamata tani 12.9 za magamba, karatasi zimeandikwa nyama ya ng'ombe ya kugandishwa, siku chache mbele tani 12.7 tena, yote yametoka Nigeria yanaenda Vietnam.

Na watetezi wapo, tena Vietnam hapo hapo. Kuna jamaa anaitwa Thai Van Nguyen, 2014 alianzisha shirika la Save Vietnam's Wildlife, kituo kiko hifadhi ya Cuc Phuong, 2021 akapewa tuzo ya Goldman, ile ya watetezi wa mazingira. Watu wanadhani polisi wakishakamata gari lenye kakakuona kazi imeisha, wapi, ndo kwanza inaanza, maana huyu mnyama anauzwa kwa kilo, kwa hiyo walanguzi wanamshindilia uji wa unga kwa mpira mpaka tumboni ili mizani ipande, anafika kituoni tumbo limejaa, mguu una kidonda cha mtego, na kwa asili hana jino hata moja, yeye chakula chake ni sisimizi na mchwa tu, mwekee nyama uone kama ataigusa. Akipona wanamrudisha msituni. Kati ya 2014 na 2020 waliokoa 1,540.

Mi nilichompendea zaidi ni doria. Tangu 2018 vijana wake wanazunguka msitu wa Pu Mat, huko huko Vietnam, na askari wa hifadhi wanang'oa mitego, wameshatoa zaidi ya 9,000, hiyo mitego haichagui, inanasa chochote kinachopita.

Sasa wewe. Tangu Januari 2017 mkataba wa CITES, ule wa mataifa kuhusu biashara ya wanyama na mimea iliyo hatarini, umefunga biashara ya kimataifa ya kakakuona aina zote 8, na jike anazaa kwa kawaida mtoto mmoja tu, kwa hiyo hawarudi haraka wakiisha. Wazee wenu sina ugomvi nao, mradi wakimaliza utabiri wao wamwachie akiwa mzima. Ila huyo anayekutuma ukatafute magamba mkimbie, maana polisi wakija watakukuta wewe na gunia, mwenye kontena wala humjui jina. Ukikuta mtu kamfungia kakakuona ndani, usimnunue ati unamwokoa, utampa hela ya kwenda kukamata mwingine, piga simu ofisi ya wanyamapori wilayani kwenu, wao ndo waje wamchukue.