Serikali iliruhusuje filamu za Bareja?

SWALI: Ndugu Mhariri, binti yangu anayesoma Poland alipokuja likizo alituonyesha filamu ya zamani iitwayo Miś, ya mwongozaji Stanisław Bareja, akitufasiria, nasi tukacheka mpaka machozi. Ninachoshangaa ni kwamba filamu hiyo ilitengenezwa enzi za chama cha kikomunisti, ilhali inaudhihaki utawala huo waziwazi. Serikali iliiruhusuje? Je, ni kweli kwamba waongozaji wenzake walimdharau? Na baada ya hiyo, tutazame ipi?
Msomaji, Morogoro

JIBU: Serikali haikuiruhusu tu, bali ndiyo iliyoigharimia, kwa kuwa utengenezaji na usambazaji wa filamu za sinema nchini Poland ulikuwa mikononi mwa dola. Mswada wa filamu ulipaswa kuidhinishwa kwanza, kisha filamu iliyokamilika ikakaguliwa mbele ya maofisa, ambao waliweza kuagiza sehemu zikatwe au kuifungia kabatini kwa miaka. Miś ilipata bahati ya wakati. Ilipigwa picha mwaka 1980, mwaka ambao migomo ya mji wa Gdańsk ilizaa chama cha wafanyakazi cha Solidarność na udhibiti ukalegea kidogo, ikaonyeshwa Mei 1981, na tarehe 13 Desemba mwaka huohuo nchi ikawekwa chini ya sheria ya kijeshi.

Hata hivyo bahati peke yake haitoshi kueleza jambo hili. Bareja hakuigusa itikadi wala hakumtaja kiongozi, aligusa kijiko. Kumbuka ule mkahawa wa bei nafuu: mabakuli yamekazwa kwa skrubu mezani, na vijiko vimefungwa viwiliviwili kwa mnyororo mmoja, hata mlaji mmoja akikipeleka chake kinywani, cha mwenzake aliyeketi mbele yake kinavutwa. Ametia chumvi, naam, lakini mdhibiti ambaye angetaka kuikata sehemu hiyo angelazimika kwanza kueleza kijiko kinaitukana serikali kwa namna gani, na kwa kueleza hivyo angekuwa amekiri mwenyewe.

Ukali zaidi umo katika yule dubu mkubwa wa nyasi kavu anayeundwa ndani ya filamu. Ochódzki, mwenyekiti wa klabu ya michezo (anayeigizwa na Stanisław Tym, aliyeandika mswada pamoja na Bareja), anamfafanulia mwenzake kwamba ubora wa mradi huo ni kuwa hakuna ajuaye dubu ni wa kazi gani, kwa hiyo hakuna atakayeuliza. Kadiri gharama zinavyopanda ndivyo na fungu lao linavyonona, na dubu akishaozea nje itaandikwa hati ya kumfuta kwenye vitabu. Anayasema hayo kwa utulivu wa mhasibu, na nadhani huo utulivu ndio unaochoma kuliko hotuba yoyote ya upinzani.

Kuhusu wenzake, ni kweli. Poland ilikuwa na waongozaji waliotazamiwa kuzungumzia historia na dhamiri ya taifa, na vichekesho vya Bareja vilionekana kuwa bidhaa za rejareja; hata jina lake liligeuzwa neno la kubeza sinema isiyo na ladha, neno ambalo kwa kawaida husemwa kuwa lilibuniwa na mwongozaji Kazimierz Kutz. Lawama hiyo haikukosa msingi kabisa, maana visa vyake huchechemea, na mara nyingi filamu nzima ni mfululizo wa vituko vilivyounganishwa kwa uzi mwembamba. Lakini wakosoaji walipima muundo wa kisa, wakati watazamaji walikuwa wakitambua ngazi za nyumba zao, makarani wao na foleni zao.

Kwa sababu hiyo nakushauri uendelee na Alternatywy 4, tamthilia ya televisheni yenye sehemu 9 kuhusu wapangaji wa jengo jipya la ghorofa katika mtaa wa Ursynów, Warszawa, na msimamizi wao Anioł, anayeigizwa na Roman Wilhelmi, ambaye hujigeuza mfalme mdogo wa ngazi. Ilipigwa picha mwanzoni mwa miaka ya 1980 lakini haikurushwa hadi 1986. Ukiimaliza, tafuta Zmiennicy, kuhusu madereva wa teksi wa Warszawa. Hiyo ilianza kurushwa baada ya Bareja kufariki mjini Essen, Ujerumani Magharibi, Juni 1987.