Usimnyang'anye mama simu

"Lete simu, mama, hiyo pesa nikutumie mimi." Kwa sentensi hiyo wazee wengi wameishia kumtegemea mjukuu au wakala, hadi kumtajia namba ya siri. Wengi wao wanaweza kabisa kujifunza kutuma pesa wenyewe, ila tunawafundisha vibaya.

Umri haupunguzi akili yote kwa pamoja. Msamiati na maarifa ya maisha hudumu, hata huongezeka baada ya miaka 60. Kinachopungua ni kasi, na uwezo wa kushika mambo kadhaa kichwani kwa mpigo. Sasa itazame menyu ya kutuma pesa: asome machaguo, aandike namba ya mpokeaji, kiasi, kisha namba ya siri, na akichelewa menyu inakatika. Anaanza upya akiwa na wasiwasi, na wasiwasi nao unajaza kichwa.

Kwa hiyo anzeni na karatasi. Aandike mwenyewe hatua zote, kwa maneno yaleyale yanayotokea kwenye simu yake, isipokuwa namba ya siri. Kuzeni maandishi ya simu, avae miwani, redio izimwe. Asubuhi ni bora, dakika 15 hadi 20, jambo moja tu. Kununua umeme kusubiri wiki ijayo.

Simu aishike yeye. Mikono yako iwe mapajani. Afike hadi pale anapodaiwa namba ya siri, kisha afute. Hapo pesa haijatoka, basi arudie bila hofu.

Kosa kubwa ni kumwonyesha mara kumi mfululizo. Ataitikia "nimeelewa", na kwa wakati huo ameelewa kweli, lakini kesho hakuna kitu. Ficha karatasi, umuulize: "Baada ya namba ya mpokeaji, inafuata nini?" Kisha nyamaza. Hesabu kimoyomoyo hadi 10. Kule kulitafuta jibu kichwani ndiko kunakojenga kumbukumbu, na ukiwahi kumjibu umemnyima. Akikwama, mpe silabi ya kwanza tu. Muulize tena baada ya dakika 1, kisha 5, kisha 15, kesho yake, siku ya tatu, wiki. Akikosa, rudini kwenye muda wa mwisho aliopatia. Tangu mwaka 1885 mwanasaikolojia Mjerumani Hermann Ebbinghaus, aliyejipima mwenyewe, alionyesha kwamba tunasahau kwa kasi zaidi saa za mwanzo, na kwamba marudio yaliyoachanishwa kwa siku hudumu kuliko yaliyorundikwa.

Kwa mzee mwenye ugonjwa wa kusahau, usimwache abahatishe. Mpe jibu mapema, kwa sababu kosa alilolitamka linaweza kumganda kuliko jibu sahihi.

Namba ya siri isiwe mwaka wa kuzaliwa. Aigawe tarakimu mbili mbili, kila jozi iwe na kisa anachokijua yeye peke yake.

Kusahau hatua ya tatu ni kawaida. Kupotea njia ya sokoni aliyoizoea, au kuuliza swali lilelile mara kadhaa ndani ya saa moja, si kawaida: aonwe na daktari. Akichanganyikiwa ghafla, mpeleke hospitali siku hiyohiyo. Beba dawa zake zote, hata za kununua dukani, kwa kuwa baadhi ya dawa za mafua na mzio zinazoleta usingizi, kama klorofeniramini, huvuruga kumbukumbu za wazee.