Kwa wanaoanza kuchunguza sungusungu: kaeni karibu na msafara wa kurudi

Wadogo zangu mnaopangiwa kazi ya sungusungu kwa mara ya kwanza, swali lenu huwa moja: wanauma kiasi gani? Wanauma sana. Hilo tulimalize mapema ili tuingie kazini. Ninaowasema hapa ni wale wadudu jamaa wa siafu, weusi, wakubwa, wanaopita kwa msafara mchana kweupe kwenda kuvamia mchwa. Jina lao la kitaalamu ni Megaponera analis. Mkubwa hufika milimita 18, mdogo ni kama milimita 5 tu, na wote wanatoka kiota kimoja. Siafu hukung'ata kwa taya akang'ang'ania. Sungusungu hukudunga kwa mwiba ulio mwishoni mwa tumbo, na kwa kuwa mwiba wake haung'oki kama wa nyuki, huuchomoa akadunga tena.

Pamoja na hayo, sungusungu hana shida na wewe. Chakula chake ni mchwa, tena hasa wale wanaolima kuvu vichuguuni, kina Macrotermes na Odontotermes. Haji jikoni kutafuta sukari, wala haingii bandani kuua vifaranga kama siafu. Anayedungwa mara nyingi ni aliyesimama juu ya njia yao, aliyekalia kiota bila kujua, au aliyeinama akawapulizia pumzi. Wakikasirika husugua pingili za tumbo na kutoa sauti ya kukwaruza, na ukiwa umechuchumaa unaisikia vizuri tu. Ukiisikia, sogea taratibu. Usirukeruke.

Vaa gambuti au chomeka suruali ndani ya soksi. Na kama umewahi kuvimba uso au kubanwa kifua baada ya kuumwa na nyuki, mwambie kiongozi wa kazi kabla hamjaondoka kambini, usione haya. Huko Saudia na Emirates kuna jamaa yake mwenye umbo dogo, Brachyponera sennaarensis, anayeitwa samsum, ambaye amewalaza watu hospitali kwa mzio mkali na wengine wamepoteza maisha. Kwa hiyo ukubwa wa mdudu usikudanganye. Mzio ndio unaoua, na mwenye mzio anahitaji adrenalini, si kupakwa majani.

Kuna mwingine mweusi mkubwa ambaye wageni humwandika daftarini kama sungusungu: Paltothyreus tarsatus. Huyu utamkuta akiwinda peke yake kwenye majani makavu, na ukimsumbua ananuka vibaya. Ukiona mmoja peke yake, usiandike jina mpaka umchunguze, kwa sababu sungusungu naye hutoka peke yake, na hapo ndipo kazi yetu inapoanzia.

Huyo anayetoka peke yake ni mpelelezi. Anazunguka hata kwa saa nzima akitafuta mahali mchwa wanapokula chini ya gamba la udongo, kwenye kuti, gogo au kinyesi cha ng'ombe. Akiwapata hawashambulii. Anachungulia, anapima, kisha anarudi kiotani kwa njia iliyonyooka kuliko aliyoendea. Dakika chache baadaye shimo linatapika: mia mbili, mia tatu, hata mia tano, na yeye mbele anawaongoza. Ukianza kuandika pale kundi linapotokeza tu, umeshakosa nusu ya habari. Kaa mita mbili tatu kutoka mdomo wa kiota, kwenye kigoda, upepo ukikupiga usoni, uwe na saa, penseli na subira. Penseli, narudia, kwa sababu wino huyeyuka kwa jasho na umande. Kwenye Hifadhi ya Comoé, Cote d'Ivoire, ambako sungusungu wamefuatiliwa kwa miaka mingi, uvamizi mwingi hutokea kati ya saa 12 na saa 5 asubuhi, halafu tena saa 9 alasiri hadi saa 1 jioni, na kwa siku huwa mara mbili hadi tano. Ukiwa Laikipia au kwenye misitu mikavu ya pwani ya Tanzania, usizichukue saa hizo kama sheria. Zitumie kupanga zamu ya kwanza, halafu data zako zikupangie zamu ya pili.

Vita venyewe sitavisemea sana, maana kila mtu huvipiga picha. Wakubwa wanabomoa gamba la udongo, wadogo wanaingia kwenye vichirizi na kuwadunga mchwa, kisha wakubwa wanakusanya maiti, hata saba kwenye taya za mmoja. Vumbi likitulia, wageni wengi hufunga daftari na kwenda kunywa chai.

Hapo ndipo mnapopoteza. Askari wa Macrotermes ana taya kali, na baada ya vita kuna sungusungu waliokatwa mguu au kipapasio cha kichwani, na wengine bado wana kichwa cha mchwa kimeng'ang'ania mguuni. Majeruhi hutoa harufu kutoka kwenye tezi za taya, wenzake wanamkagua, mmoja anambeba hadi nyumbani. Mtafiti Erik Frank na wenzake walichapisha jambo hili mwaka 2017 kutoka Comoé: majeruhi waliolazimishwa kurudi peke yao, asilimia 32 walikufa njiani, wengi kwa kukamatwa na buibui. Waliobebwa, kama asilimia 95 walirudi vitani baadaye. Ndani ya kiota wenzao hulamba jeraha. Wasipolambwa, asilimia 80 hufa ndani ya saa 24. Wakilambwa, ni asilimia 10 tu. Mwaka 2023 ikaonekana kwamba jeraha likiingiwa na bakteria wa Pseudomonas aeruginosa wanalitambua, na wanalipaka ute wa tezi iliyoko kifuani wenye viuavijidudu.

Sasa uone ugumu wake ukiwa uwanjani. Majeruhi akiwa karibu na wenzake hujikokota na kuanguka. Akiwa peke yake anatembea haraka zaidi. Kwa hiyo ukimtoa kwenye msafara ili umwangalie vizuri, umeshabadilisha unachokipima. Andika kwanza ulichokiona akiwa njiani, ndipo umguse. Tena si kila mwenye miguu mitano ni majeruhi wa leo. Akishazoea, ndani ya siku moja hivi anakimbia karibu sawa na mzima na hakuna anayembeba. Ukiwahesabu wote kama wahanga wa uvamizi mmoja, jedwali lako litakuwa la ajabu. Na aliyepoteza miguu mingi, mitano kwa mfano, hatulii wala hakunji miguu iliyobaki, hivyo wabebaji hushindwa kumshika na kumwacha. Wageni huandika "amekataliwa". Andika alichofanya yeye na walichofanya wao. Neno "kukataliwa" waachie watakaoandika makala.

Kuweka alama: tone dogo la rangi juu ya kifua, mbali na viungo na vipapasio, rangi moja kwa kila siku. Mshike kwa koleo laini katikati ya mwili, mwache rangi ikauke, mrudishe pembeni ya msafara, si katikati. Ukimdondosha katikati, msafara unavurugika na wewe unadungwa.

Halafu, tafadhali, msichimbe kiota kwa udadisi. Malkia wa sungusungu hana mabawa. Koloni jipya huzaliwa pale la zamani linapogawanyika, wote wakienda kwa miguu, na koloni zima linaweza kuwa na watu wazima elfu moja hivi au pungufu. Msifikirie kwamba mvua ikinyesha wataruka wengine kama kumbikumbi wa kuziba pengo.

Mkirudi kambini kusoma, jueni kwamba mdudu huyu amebadilishwa jina. Makala za miaka ya 1970 zitafuteni kwa Megaponera foetens. Baadaye akaandikwa Pachycondyla analis. Tangu 2014 amerudishwa kuwa Megaponera analis. Anayetafuta jina moja tu hukosa kazi nzuri iliyofanyika Nigeria, Kenya na pwani ya Tanzania, kisha anakuja kuniuliza maswali ambayo yalijibiwa kabla hajazaliwa.