Mti wa Krismasi si jina la mti

SWALI: Mimi ni seremala hapa Kirumba, Mwanza. Natengeneza na kukarabati magitaa. Ubao wa juu wa gitaa zuri hutoka kwenye mti wa milimani huko Ulaya na Marekani. Wateja wanauita "mti wa Krismasi". Kamusi ndogo niliyonayo inasema "msonobari". Karatasi ya maelezo iliyokuja na mbao imeandikwa kwamba "ngozi ya mti huu ina maganda madogo yanayodondoka". Niandike nini kwenye lebo? Na je, mti una ngozi?

JIBU: Mti hauna ngozi, fundi. Una gome. Nitalirudia hilo chini. Na mti wako ni msprusi, ule Waingereza wanaouita spruce; sababu ya jina hilo nayo inakuja. Kwanza nishughulike na huo "mti wa Krismasi", maana umeenea kutoka Igoma mpaka Nyegezi, na kila mwaka unakula jina la mti mwingine.

Mti wa Krismasi ni kazi. Ni kama kusema mti wa kivuli, mti wa kuni, mti wa uzio. Mwarobaini ni mti wa kivuli, mwembe nao ni mti wa kivuli, na hakuna anayedhani kwamba hayo ni majina yao. Mti unaokatwa Desemba, ukasimamishwa sebuleni na kuvishwa taa, umepewa kazi ya wiki mbili. Unaweza kuwa wowote. Hata wa plastiki ni mti wa Krismasi. Huko Ulaya kwenyewe miti ya jamii tatu tofauti huuzwa sokoni kwa kazi hiyohiyo, kwa hiyo anayekwambia ubao umetoka kwenye "mti wa Krismasi" hajakwambia chochote.

Kinachouma zaidi ni kwamba haya yanasemwa na watu wa Mwanza, ambao kwa samaki hawana mchezo. Nenda soko la samaki la Mwaloni alfajiri useme unataka kilo mbili za kitoweo. Muuzaji atakuuliza: kitoweo gani? Sato au sangara? Ukisema sangara, bado hamjamalizana: mbichi au kayabo, yule wa chumvi aliyekaushwa? Ukisema hukutaka nyama yake bali kilichobaki baada ya minofu kutolewa, hayo ni mapanki, tena yana watu wake na bei yake. Bondo, kile kibofu cha hewa cha sangara, lina soko lake peke yake. Dagaa ni habari nyingine, na aliyekaangwa si sawa na aliyeanikwa. Kuna ningu, kuna kamongo, kuna kambare, kuna gogogo. Sato na furu wataalamu wamewaweka katika ukoo mmoja, lakini jaribu kumuuzia mtoto wa Kirumba furu kwa jina la sato uone atakavyokujibu. Neno kitoweo lipo, ni zuri, na kazi yake ni mezani. Sokoni halitoshi. Basi jicho hilohilo linalotofautisha samaki wadogo kuliko kidole linashindwaje kutofautisha miti yenye urefu wa mita 20?

Hasara yake ni ya shilingi. Mtu anakwenda kwenye kitalu cha miche kando ya barabara, anaomba "mti wa Krismasi", anapewa kilichopo. Akipewa msaiprasi akaupanda uzio, inabidi aupunguze mapema na mara kwa mara, kwa sababu ukiuacha ukanenepa kisha ukaukata mpaka kwenye matawi makavu ya ndani, haurudishi majani. Unabaki na tundu la kudumu kwenye uzio. Akipewa mwaraukaria, ule wenye matawi yaliyopangwa ghorofa kwa ghorofa, akauweka hatua mbili kutoka ukutani, baada ya miaka atakuwa na mnara juu ya bati lake. Akipewa mvinje, amepewa mti usio na undugu kabisa na hao wengine. Miti mitatu, matunzo matatu, jina moja lisilosema kitu.

Na huo wa gitaa lako si mmojawapo. Hauoti Mwanza. Jamii yake yote, aina 35 hivi, ni ya kaskazini mwa ikweta, na inataka baridi ya kweli. Ziwa letu liko mita 1,134 hivi juu ya usawa wa bahari, na joto lake halina majira ya theluji. Aina ya Ulaya hupanda kwenye milima ya Alpi mpaka karibu mita 2,000. Ile ya milima ya Rocky huko Marekani na Kanada, iliyopewa jina la mtaalamu wa mimea George Engelmann, hufika hata mita 3,500 upande wa kusini. Umbo lake kama pia ya watoto iliyogeuzwa, ncha ikiwa juu na matawi yakiinamia chini, huteremsha theluji kabla haijavunja tawi.

Je, ni msonobari? Hapana, ila kamusi yako imekosea kwa karibu. Msonobari ni neno la Kiarabu lililokaa kwetu zamani, na ni la ule mti ambao wauza mbao wanauita paini: ule wa mashamba ya miti ya Sao Hill kule Mufindi, wa Buhindi, wa Rubya kisiwani Ukerewe. Sina ugomvi na paini. Neno limeingia kwa mlango wa sokoni, limekaa, kila mtu anajua mbao gani atapewa. Lakini paini na mti wako ni kama sato na furu: ukoo mmoja, vitu viwili.

Shika tawi uone. Sindano za msonobari huota kwenye vifungu. Ule uliopandwa kwa wingi Sao Hill una tatu tatu, ndefu, zinazoning'inia kama nywele. Sindano za mti wako huota moja moja, fupi, ngumu, na ukiibingirisha moja kati ya kidole gumba na cha shahada inazunguka, kwa kuwa ina pande nne. Ikidondoka huacha kijiti kidogo kama msumari, ndiyo maana tawi kavu hukwaruza kiganja kama tupa. Koni zake, yale makasha ya mbegu, huning'inia kichwa chini. Msaiprasi hauna sindano, una vijani vilivyolaliana kama vigae. Mvinje nao unadanganya: kinachoonekana kama sindano ni kitawi chenye pingili, na ukikivuta kinaachana kwenye kiungo.

Jina, basi. Mimi naandika msprusi, wingi misprusi. Waingereza wa kale waliiita nchi ya Prusia kwa jina la Spruce, bidhaa za bandari zake zikaitwa hivyo, na mti ukabaki nalo. Kama tumemeza springi ya kitanda bila kukabwa, sprusi haitatukaba. Na anayelalamika kwamba Kiswahili hakikopi majina ya miti afungue Biblia, Isaya 41:19, akutane na mberoshi, mtidhari na mteashuri, watatu kwa mkupuo, wote wametolewa kwenye Kiebrania na kuvishwa m- ya mbele. Wafasiri wale walikutana na miti isiyoota kwetu, na hawakuiita yote mwerezi.

Sasa gome. Karatasi yako ina makosa mawili katika sentensi moja. Ngozi ni ya mnyama na ya mtu. Ganda ni la yai, la ndizi, la karanga. Gome ni la mti. Ukisita, uliza kitenzi: ganda humenywa, gome huambuliwa, gamba huparwa. Hakuna anayemenya mti. Warina asali wa Tabora wanaambua gome la miyombo na kulikunja kuwa mzinga, nao wanauita mzinga wa gome. Sijasikia mzinga wa ganda wala wa ngozi. Ng'ambo ya ziwa, Waganda huambua gome la mtuba, wakaligonga kwa nyundo za mti mpaka likawa nguo, na Kiswahili kikaipa jina lake, mbugu. Gome la msprusi halifai kwa kazi hiyo. Halina nyuzi za kutanuka, linavunjika.

Tena linavunjika kwa namna ya kupendeza, na hapo aliyeandika karatasi yako alikaribia kupatia. Gome la msprusi wa Engelmann ni jembamba, lisilozidi sana unene wa sentimita moja, la kahawia inayoelekea zambarau, na limegawanyika vipande vidogo vya mviringo, kingo zimeinuka. Ukipitisha ukucha kimoja kinaruka. Yeyote aliyekaa mwaloni akitazama sangara akiparwa anajua neno la kitu hicho: gamba. Andika "gome lenye magamba madogo yanayobanduka". Wembamba huo una gharama zake: moto mdogo tu wa msituni huuchemsha mti ulio ndani, ukafa ukiwa umesimama.

Chini ya gome ndipo adui wa msprusi wa Ulaya anapoishi, kidudu kidogo kuliko punje ya mchele. Hutoboa, hutaga, na viluwiluwi vyake huchimba mifereji kwenye utando unaoshusha chakula kutoka kwenye majani. Dalili ni unga wa kahawia shinani, kisha gome kubanduka mabamba mabamba. Mti wenye afya humzamisha kwa utomvu. Ulioangushwa au uliokaushwa na ukame hauna nguvu hiyo. Dhoruba ya Oktoba 2018 iliangusha mamilioni ya miti kaskazini mwa Italia, na baada yake wakaja wadudu hao. Kwa hiyo gogo lililoanguka huambuliwa gome upesi, kabla watoto hawajakomaa. Ukiandika "ngozi" hapo, mlinzi wa msitu hatakuelewa.

Matumizi nitayapita haraka, unayajua kuliko mimi. Gome lilitumika kusindika ngozi, ngozi ya kweli, ya ng'ombe, kwa sababu lina tanini, dawa inayoizuia ngozi isioze. Utomvu uliogandishwa ulitafunwa kama bigijii, na mwaka 1848 ukaanza kuuzwa madukani huko Maine, Marekani. Ndege ya ndugu Wright ya 1903 ilikuwa na mifupa ya msprusi, kwa kuwa mbao zake ni nyepesi na hazivunjiki kwa wepesi. Sifa hiyohiyo ndiyo inayokufanya uilipie: ubao mwembamba unaotetemeka bila kupasuka. Antonio Stradivari, fundi wa fidla wa Italia aliyefariki 1737, alitumia msprusi kwa nyuso za fidla zake.

Kwenye lebo andika: "Ubao wa juu: msprusi." Kama umetoka kwenye milima ya Rocky, ongeza "wa Engelmann". Na kama ubao wenyewe ni wa tabaka zilizogundishwa, msprusi ukiwa ule wa juu tu, andika hivyo pia, "msprusi wa tabaka", maana mteja akichungulia ukingo wa tundu la sauti ataona mistari ya nyuzi imekatika pale inapopaswa kushuka moja kwa moja mpaka ndani.