Vijana wa saiti wana mwajiri, mtafute kabla ya ajali

Wakandarasi wadogo wakija kwangu kuandaliwa mishahara, kiwango cha michango huwa hakiwasumbui. NSSF, mfuko wa hifadhi ya jamii unaolipa pensheni, ni asilimia 20 ya mshahara, na kwa kawaida mwajiri na mfanyakazi hutoa nusu kwa nusu. Mfuko wa Fidia kwa Wafanyakazi, WCF, ni asilimia 0.5, na hiyo ni ya mwajiri peke yake. Kumkata mfanyakazi hata senti ni kinyume cha sheria. Tunapokwama ni kwenye orodha ya majina. Nikiuliza vijana wanaochanganya zege wako wapi kwenye karatasi, jibu huwa: "Hao si wangu, ni wa fundi."

Jibu hilo nimelisikia saiti nyingi hapa Dodoma, na mara nyingi si kweli.

Mimi huanzia kifungu cha 61 cha Sheria ya Taasisi za Kazi ya mwaka 2004. Anayemfanyia mtu mwingine kazi huchukuliwa kuwa mwajiriwa wake, mpaka ithibitishwe vinginevyo, ikiwa lipo hata jambo moja kati ya haya: anaelekezwa namna ya kufanya kazi, anapangiwa saa, ni sehemu ya taasisi hiyo, amefanya kazi kwa wastani wa saa 45 kwa mwezi katika miezi 3 iliyopita, anamtegemea huyo kwa kipato, anapewa vifaa, au anamtumikia huyo tu. Saa 45 kwa mwezi ni kidogo mno. Kibarua wa saiti huzimaliza ndani ya wiki moja.

Sasa mtazame huyo fundi. Analipwa kwa mkupuo Jumamosi, kisha anawagawia vijana wake. Hana kampuni wala namba ya usajili wa mwajiri, mashine ya zege ni ya mkandarasi, na foromani wa mkandarasi ndiye anayesema leo tunamwaga jamvi, kesho tunapanga tofali. Fundi huyo ni mfanyakazi kama wenzake, ila amepewa kazi ya kugawa hela. Mkandarasi awaandikishe wote, fundi mwenyewe akiwemo.

Hali ni tofauti kwa fundi aliyesajili biashara yake, anayekuja na vifaa vyake, anajipangia ratiba na ana wateja wengine. Huyo ni mwajiri kamili, na michango ya vijana ni juu yake. Hata hapo nawashauri wakandarasi wasiridhike na maneno. Kabla ya kumlipa, aonyeshe namba yake ya mwajiri na uthibitisho wa michango ya mwezi uliopita. Akikosa, jua mzigo unaweza kukurudia.

Niliwahi kuitwa baada ya kijana kuanguka kutoka kwenye jukwaa na kuvunjika mguu. Kampuni ilimwelekezea fundi, fundi akaielekezea kampuni, na ndugu wa kijana wakawa wanachangishana hela za hospitali. WCF ilianza kazi Julai 2015 kwa ajili ya siku kama hiyo: matibabu, fidia, na kwa aliyefariki, malipo kwa wategemezi. Inaniuma sana nikikumbuka kwamba mchango wa kijana yule kwa mwezi ungekuwa chini ya bei ya mfuko mmoja wa saruji.

Kwa walinzi mambo ni mepesi: kampuni ya ulinzi iliyomwajiri, inayomlipa na inayoweza kumhamishia lindo jingine ndiyo mwajiri, si mwenye jengo. Dada wa kazi za nyumbani ni mfanyakazi wa anayemlipa. Kwa dereva wa daladala anayepeleka hesabu kila jioni, wamiliki hubisha kwamba hakuna mshahara, lakini gari, yaani kifaa chake cha kazi, ni lao.

Nawe kibarua, usisubiri wakubwa wakubaliane. Pensheni ya uzee ya NSSF inahitaji angalau miezi 180 ya michango, na kila saiti unayopita bila kuandikishwa inakula miezi yako. Tunza ujumbe wa malipo ya simu, piga picha daftari la mahudhurio lenye jina lako, andika jina la foromani aliyekupangia kazi. Nenda navyo ofisi ya NSSF iliyo karibu, uombe mwajiri wako afuatiliwe. Mkiwa wengi wa saiti moja, nendeni pamoja.