Lenzi tatu safarini? Hiyo kubwa iache

Mkuu, umeuliza kama ubebe lenzi zote tatu za kamera, 24-70 mm (ya mandhari na picha za kawaida), 70-200 mm (ya kuvuta vitu vya mbali) na 50 mm (ndogo, isiyovuta), na unasafiri na mke na watoto wawili. Mimi 70-200 ningeiacha nyumbani. Ile ya f/2.8 (namba ya f ikiwa ndogo, lenzi inaingiza mwanga zaidi) huwa na kilo moja hadi moja na nusu. Ikifika saa nane mchana, mtoto kakulalia begani, utaiona tofali. Niliwahi kuizungusha safari nzima, nikapiga nayo picha kumi na moja tu, saba za ndege yuleyule.

Kama mnakwenda kuangalia wanyama, hapo ni habari nyingine. Ibebe hiyo 70-200, uache 24-70, mandhari piga kwa simu.

50 mm usiiache kabisa. Nyingi za f/1.8 hazifiki hata gramu 200, na usiku mkiwa mezani kwenye taa hafifu inaingiza mwanga zaidi ya mara mbili ya hizo za f/2.8. Picha za watoto utakazozipenda zitatoka humo, niamini.

Betri za akiba ziweke kwenye begi la mkononi, maana za lithiamu haziruhusiwi kwenye mizigo inayokwenda chini ya ndege. Ncha zake za chuma zizibe kwa selotepu. Memori kadi chukua mbili za GB 64 badala ya moja ya 128, ikifa moja hujapoteza likizo yote.

Stendi ya miguu mitatu? Mke wako atakusubiri mara moja tu, ya pili ataondoka na watoto.