Maswali ya Wasomaji: Protini kwenye Mkojo

Swali: Nilipimwa mkojo kwa kijiti, nikaambiwa nina protini plasi moja. Siku tisa baadaye nikapimwa maabara nyingine, haikuonekana kabisa. Nani kakosea?

Jibu: Huenda hakuna aliyekosea. Kijiti hakijui figo zako zimepoteza protini kiasi gani tangu asubuhi. Kinaona tu jinsi ilivyokolea kwenye mkojo uliomo chupani. Plasi moja ni takribani miligramu 30 kwa desilita. Mkojo mzito wa alfajiri unaweza kuifikisha, na mchana, ukishakunywa maji mengi, protini ileile isionekane. Kwa hiyo majibu ya kijiti yasomwe pamoja na uzito wa mkojo ukilinganishwa na maji (maji ni 1.000): plasi moja kwenye mkojo wa 1.005 inatisha kuliko plasi moja kwenye 1.030.

Kumbuka pia hali yako siku ya kwanza. Homa na mazoezi makali hupandisha protini kwa muda, kisha ikashuka yenyewe. Damu ya hedhi, ute wa ukeni au shahawa zikiingia chupani hudanganya kijiti. Jisafishe, mwaga mkojo wa mwanzo, kinga wa katikati.

Upimaji wenyewe nao una mitego. Kiboksi cha protini kwenye kijiti kina rangi inayotoka njano kwenda kijani inapokutana na albumini, protini kuu ya damu, na kina asidi ya kukidhibiti. Kijiti kikilowekwa muda mrefu, asidi huoshwa na rangi hubadilika bila protini yoyote. Ndivyo inavyokuwa pia mkojo ukiwa na pH (kipimo cha asidi) inayozidi 8, yaani hauna asidi, au chupa ikiwa na mabaki ya dawa ya kuua vijidudu. Kichovye na kukitoa papo hapo, kung'uta ukingo kwenye mdomo wa chupa, kilaze, kisha soma kwa muda ulioandikwa kwenye kopo, mara nyingi sekunde 60. Kopo lililoachwa wazi likapata unyevu halifai tena.

Sasa omba kipimo cha uwiano wa albumini na kreatinini (taka ya misuli inayotolewa na figo), kwa mkojo wa kwanza wa asubuhi. Maji yakizimua albumini huzimua na kreatinini vilevile, hivyo uwiano haubadiliki sana. Chini ya miligramu 30 kwa gramu ni sawa. Kati ya 30 na 300 albumini imeongezeka, na zaidi ya 300 imeongezeka sana. Ikizidi 30 rudia. Ikidumu zaidi ya miezi 3, huo ni ugonjwa sugu wa figo. Mwenye kisukari au presha asiridhike na kijiti kisichoonyesha kitu, kwa sababu albumini kidogo ya mwanzo hukipita. Apime uwiano huu kila mwaka.

Swali: Nakusanya mkojo wa saa 24. Usiku nilisahau nikakojolea chooni mara moja. Niendelee?

Jibu: Hapana, anza upya siku nyingine. Ukipoteza mililita 400 kati ya 1,600, karibu robo ya protini haitahesabiwa, na daktari ataona figo nzima kuliko zilivyo. Saa 1 asubuhi kojoa na umwage mkojo huo, andika muda. Kuanzia hapo kila tone liingie kwenye dumu la maabara, hadi saa 1 asubuhi ya kesho yake, na huo wa mwisho uingie pia. Ukienda haja kubwa, kojoa kwanza kwenye chombo. Weka dumu mahali pa baridi. Kawaida jumla ya protini haizidi miligramu 150. Ikifika gramu 3.5 figo zinavuja vibaya.

Swali: Nina mimba ya wiki 31. Kliniki wamenikuta na protini plasi mbili, presha 142/94, na kichwa kinauma tangu jana. Nimepangiwa kurudi wiki ijayo.

Jibu: Mama, usisubiri wiki ijayo. Nenda hospitali yenye huduma ya uzazi sasa hivi, hata kama ni usiku. Presha ya 140/90 au zaidi pamoja na protini, baada ya wiki 20, ni dalili ya hali inayoweza kuleta kifafa cha mimba, na kichwa kuuma kunaongeza hatari. Ukiona maluweluwe au ukiumwa chini ya mbavu upande wa kulia, waambie mara tu unapofika. Beba kadi ya kliniki na usiende peke yako. Mkojo utapimwa tena hukohuko.